Utetezi Wangu Ulilala Chini ya Kalenda, Cheo Kikapita

Juzi usiku kaka mmoja wa Manyoni, afisa mifugo, kaniandikia: "Dada, nina hati ya mashtaka tangu Novemba, na sasa majina ya kupanda madaraja yanaandaliwa. Ninyamaze tu au nifanyeje?" Nikausoma ule ujumbe mpaka chai ikapoa.

Mnaonifuata mnajua mimi ni bibi shamba, kata moja ya vumbi jekundu huku mkoani Dodoma. Barua yangu ya cheo mmeiona, maana nilijitapa nayo kwa picha. Sikuwaambia kwa nini ilichelewa.

Februari 2021 mama alivunjika nyonga. Nikampigia mkuu wa idara, akaniambia nenda, mama ni mama. Nikalala siku tisa chini ya kitanda chake wodini. Narudi kazini, yule mkuu kahamishwa, na anayekaimu hana habari na simu ya mtu. Kanuni zetu zinasema utoro wa zaidi ya siku tano unaweza kukufukuzisha kazi. Ikaja barua ya kunitaka nijieleze, nyuma yake hati ya mashtaka. Nikaandika utetezi wa kurasa nne, nikabandika karatasi za hospitali, nikauacha masijala, wanakopokea na kutunza barua, na kurudi shambani nikiamini nimemaliza.

Mei Mosi ya mwaka ule, Rais Samia akiwa Mwanza, akaahidi watumishi watapandishwa madaraja. Wengi wetu tulikuwa tumekwama tangu uhakiki wa watumishi wa 2016, kwa hiyo nilipiga kigelegele peke yangu sebuleni.

Orodha ikatoka. Simo. Kijana niliyempokea mwenyewe, nikamfundisha hadi nafasi ya mistari ya alizeti, yumo. Afisa utumishi akanijibu bila kuinua uso: "Una shauri, mama. Mwenye shauri hapandi."

"Limefika wapi hilo shauri?"

Hakujua. Nikarudi mara nne. Mara ya nne mhudumu wa masijala, mama mmoja wa Kigogo aliyechoka kuniona, akainua kalenda ya zamani iliyotandikwa kwenye trei. Chini yake utetezi wangu: pini imeota kutu, ukurasa wa kwanza una duara la kikombe cha chai. Hauna muhuri wala namba ya folio, ile inayopewa kila karatasi inayoingia kwenye jalada. Kwenye jalada langu la siri ilikuwemo hati ya mashtaka peke yake, kana kwamba nilikosa la kusema. Kamati ya uchunguzi ilikuwa haijaundwa bado.

Hapo ndipo panaponiuma mpaka leo. Sikusimamishwa kazi. Nilikuwa naripoti kila siku, nagawa mbegu, napiga picha viwavijeshi. Zipo adhabu zinazojulikana: onyo, karipio, kupunguzwa mshahara, kuteremshwa cheo, kufukuzwa. Mimi nilitumikia adhabu isiyokuwemo humo, na nikaitumikia kabla hajaniuliza mtu swali hata moja.

Binti yangu anayesoma sheria Chuo Kikuu cha Dodoma alinisimulia ya India. Wenzetu kule hawakuachi nyuma. Kamati ya kupandisha vyeo inakupima pamoja na wenzako, matokeo yako yanatiwa kwenye bahasha, inafungwa mpaka shauri liishe. Ukisafishwa kabisa, bahasha inafunguliwa, na cheo unahesabiwa tangu siku uliyostahili. Na katika shauri la Jankiraman la 1991 mahakama yao ya juu ilisema bahasha hiyo haifungwi kwa tuhuma tu, lazima hati ya mashtaka iwe imeshatolewa. Nilicheka kwa uchungu. Bahasha! Mimi hata trei ilinishinda.

Basi kaka, usinyamaze. Andika barua kwa mamlaka yako ya nidhamu, yaani mwenye uwezo wa kukuadhibu, uombe shauri lisikilizwe. Usiombe cheo, omba kusikilizwa. Kila karatasi unayopeleka, baki na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa. Nasema muhuri. Anayekuambia "acha hapo, tutaipokea baadaye", msubiri hapo hapo mpaka hiyo baadaye ifike. Na ruhusa usiombe kwa simu, hata bosi awe shemeji yako. Uamuzi ukija vibaya, siku zako za kukata rufaa ni 45, Tume ya Utumishi wa Umma ipo. Halafu muhuri tena.

Vijana wa leo mna simu zenye kamera nzuri, mnapigia picha wali kuku, barua zenu hampigi. Mnaogopa kuonekana wakorofi. Nami niliogopa. Nilidhani mtumishi mwema ni yule anayengoja kuitwa, nikangoja, nikaongeza sala, na Mungu anisamehe, hata sala niliifanya kisingizio cha kutokwenda masijala.

Kamati ilikaa 2022, siku moja tu, yule mkuu wa zamani akathibitisha simu yangu. Sina hatia. Cheo kikaja 2023, kikihesabiwa kuanzia 2023. Nimeandika kuomba tarehe irekebishwe. Nakala ninayo, ina muhuri. Fomu yangu ya likizo mwezi uliopita amesaini yule kijana wa alizeti. Aliinuka kunisalimia shikamoo, sina ubaya naye.

Nilimwomba kaka wa Manyoni anitumie picha ya utetezi wake. Kaituma asubuhi hii. Umegongwa muhuri, ila nafasi ya tarehe iko tupu. Nimemjibu apande bodaboda arudi leo hii, kabla masijala hawajatoka chai.