Propp si fomu ya kujaza

Wanafunzi wapya wa fasihi simulizi humkimbilia sana Vladimir Propp, mchambuzi wa ngano wa Kirusi, na sababu naijua kwa kuwa ndiyo iliyonipeleka mimi: ana namba. Dhima 31, yaani matendo yanayoisukuma ngano mbele, na aina 7 za wahusika. Umerudi kutoka uwandani, kinasa sauti kimejaa ngano, hujui uanzie wapi. Mtu akikupa orodha yenye namba unaona umeokoka.

Nilichora jedwali la safu 31 nikamwaga humo hadithi za Sungura. Msimamizi wangu alilisoma kimya, kisha akauliza, "Sasa huyu Sungura anaoa ukurasa wa ngapi?" Dhima ya mwisho ya Propp ni ndoa, nami kwenye safu hiyo nilikuwa nimeandika kwamba Sungura alikimbilia porini kwa furaha. Leo nacheka. Siku ile sikucheka.

Nilikuwa nimeishika orodha kabla ya kukisoma kitabu. Kitabu hicho, Mofolojia, yaani uchambuzi wa umbo la ngano, kilitoka Leningrad mwaka 1928, nacho kinachambua ngano 100 za Kirusi kutoka mkusanyo wa Afanasyev, tena ngano za miujiza peke yake. Hadithi za wanyama hazimo. Jina alilokusudia mwenyewe lilitaja miujiza. Mhariri ndiye aliyeliondoa neno hilo, na wengi tumepotelea hapohapo.

Kwa hiyo, wadogo zangu, anzeni na mfano wake wa mwanzoni kabisa. Mfalme anampa shujaa tai, tai anambeba hadi nchi nyingine. Mzee anampa mwingine farasi, naye farasi anambeba hadi nchi nyingine. Mchawi anatoa mashua. Binti mfalme anatoa pete. Watu wanabadilika, vyombo vinabadilika, lakini tendo ni lilelile. Kabla yake ngano zilipangwa zaidi kwa yaliyomo: hii ya joka, ile ya mama wa kambo. Yeye akauliza kinachotendeka na nafasi yake katika mfuatano. Swali hilo ndilo mali yake. Namba 31 ni jibu alilolipata kwa ngano zake.

Sasa jaribuni swali hilo kwa kisa cha Sultani Darai, kilichosimuliwa Zanzibar na kuchapishwa na Edward Steere mwaka 1870. Maskini Hamdani anachakura jaani akitafuta punje za mtama, anaokota thumuni, ananunua paa. Paa anaokota almasi, anamposea bwana wake binti wa sultani, kisha anamuua nyoka mwenye vichwa saba na kumpatia jumba. Propp angetabasamu: upungufu, yaani kitu anachokosa shujaa, upo, msaidizi wa ajabu yupo, pambano lipo. Ila ndoa inatangulia pambano, na yeye alishikilia kwamba mfuatano haubadiliki. Unaweza kumtetea ukisema hapa kuna mikondo miwili katika ngano moja, yaani mifuatano miwili iliyounganishwa, kila mmoja na mwanzo wake, jambo analolikubali. Sawa. Lakini baada ya jumba kisa kinaendelea: paa anaugua, Hamdani anaamuru apikiwe uji wa mtama tu, paa anakufa, maiti inatupwa kisimani. Bwana anaota yuko jaani. Anazinduka, kweli yuko jaani, anachakura.

Yote hayo hayana safu. Ukiyalazimisha umeua kisa. Ukiyaacha nje umeua tasnifu. Mimi nilipokwama hapo ndipo nilipomsoma Denise Paulme, Mfaransa aliyechambua ngano za Afrika miaka ya 1970 kwa kuanzia hukohuko kwa Propp. Yeye anatazama mwelekeo: ngano inayopanda kutoka upungufu, inayoshuka kuelekea upungufu, na inayozunguka ikarudi ilipoanzia. Hamdani anakaa hapo bila kubanwa.

Kwa kazi yenu ya kila siku: andikeni matendo ya ngano kwa maneno yenu kwanza, kwa vitenzi, bila namba yoyote. Linganisheni ngano tano au sita za fanani mmoja, kisha za mwingine. Msisahau kuandika mahali hadhira ilipoitikia au kuimba, maana Propp alifanya kazi na maandishi na sauti hizo hakuzisikia. Orodha yake ifunueni baadaye. Mkichora jedwali, ongezeni safu moja mwishoni na kuiita "yaliyobaki". Yangu ilijaa kurasa tisa, nayo ndiyo iliyozaa sura ya nne.