Kifo cha Fumo Liyongo kwa vikaragosi: ilitubidi tuanze na pumzi

Ndugu yangu, umeuliza kama kisa cha Fumo Liyongo, yule shujaa jitu wa pwani ya Waswahili, kinaweza kupigwa filamu kwa vikaragosi bila kuonekana mchezo wa watoto. Kinaweza. Mimi na wenzangu wanne tulikipiga uani kwetu Temeke, tukifuata utenzi ulioandikwa na Muhammad Kijuma mwaka 1913.

Ujitu wa Liyongo haukutusumbua: yeye tulimpa sentimita 90, watu wa mji wa Pate sentimita 35. Mchongaji wetu wa Mwenge tulimwomba aache mpingo, kwa kuwa ni mzito mno mkononi, naye akachonga vichwa kwa mti mwepesi. Tabu ilikuwa uso. Ukumbini mtazamaji wa mbali huutilia uso wa mti hisia zake mwenyewe, lakini kamera ikisogea, mti hubaki mti. Picha za wiki ya kwanza tulizifuta zote.

Ndipo tulipotambua kwamba kikaragosi huishi kwa pumzi. Mchezeshaji anayeshika kiwiliwili hupumua pamoja nacho, kifua kikipanda na kushuka kidogo sana, hata mhusika anapokaa kimya akisikiliza. Basi tulirekodi kwanza sauti ya mghani, tukaiacha mizani 8 (yaani silabi 8) ya kila kipande cha ubeti iongoze pumzi hiyo, tangu Liyongo anapokata minyororo gerezani kwa tupa aliyofichiwa ndani ya mkate.

Matunda yake tuliyaona kwenye tukio la kisimani. Mwanawe amekwisha kumchoma kitovuni kwa sindano ya shaba. Liyongo anajikokota, anapiga goti, anatia mshale upindeni na kufa katika hali hiyo, huku watu wakiogopa kwenda kuteka maji kwa kudhani yu hai. Mwigizaji wa kawaida angeyumba au kupepesa macho. Sisi tuliielekeza kamera kifuani: pumzi ikapungua, ikakoma, mkono wa mchezeshaji ukaondoka taratibu, na upinde ukabaki umevutwa kwa waya. Mtazamaji anajua, mji haujui. Mama yake Liyongo anapoletwa kumsihi, hatukuweka ngoma wala kilio. Alisogea tu mbele ya kifua kilichotulia, cha kwake kikiendelea kupanda na kushuka.

Mkiamua kuanza, pigeni tukio la kisima kabla ya mengine, kwa sababu kiasi cha pumzi mtakachokiona kinatosha hapo ndicho mtakachokirudisha katika matukio yote yanayolitangulia.