Vitabu vya magari yanayojiendesha: usianze na cha hesabu kama mimi

Mimi ni fundi simu hapa Ngamiani, Tanga. Nilipopata hamu ya kusoma habari za magari yanayojiendesha nilimwagiza binamu yangu wa Dar, akaniletea Probabilistic Robotics cha mwaka 2005, cha Thrun, Burgard na Fox. Kitabu kama tofali. Sura ya pili ilinitoa jasho, nikakifunga, kikakaa miezi minne juu ya kabati kikikandamiza risiti.

Siku hizi mtu akiniuliza aanzie wapi, namwambia atafute kwanza kinachosimulia walivyofeli. Driven cha Alex Davies kinafaa. Humo utakutana na mashindano ya jangwa la Mojave, Marekani, Machi 13, 2004: magari 15 yasiyo na dereva, zawadi dola milioni 1, njia ya zaidi ya kilomita 220. Lililojitahidi kuliko yote lilikwama baada ya kilomita 12 hivi. Ni kama utoke mjini, upite kidogo mapango ya Amboni, basi. Zawadi haikupata mwenyewe. Mwaka uliofuata magari matano yalimaliza kilomita 212, na la kwanza lilikuwa Stanley, la Chuo Kikuu cha Stanford. Aliyeongoza timu yake ni huyohuyo Thrun wa tofali langu! Hapo ndipo nilipokishusha kabatini.

Safari hii nilisaidiwa na umeme kukatika. Nilikuwa chumbani, giza totoro, natafuta mlango. Nikapiga hatua tatu huku nakisia nimefika mezani. Mkono ukagusa kona ya kitanda, kumbe nimekwenda upande. Nikarekebisha kisio, nikapiga hatua nyingine mbili. Basi sura zile zote zinazozungumzia gari kujua lilipo zimebeba jambo hilo: gari halina uhakika, linakisia. Likitembea, shaka inaongezeka. Leza, ule mwanga ambao gari hurusha kupima umbali, ikigusa ukuta au nguzo, shaka inapungua. Zile alama za kutisha ni namna ya kuandika kiasi cha shaka. Ukiwa na hesabu za uwezekano za kidato cha nne utaanza kuelewa, polepole, kalamu mkononi.

Vitabu vya utabiri, vile vya "baada ya miaka mitano hakuna dereva", tazama kwanza mwaka wa kuchapwa. Vingi vinachacha kama maziwa. Mimi nimenunua viwili, najuta.

Halafu usisome ndani tu. Mimi nikimaliza sura hukaa kwenye kibaraza cha duka nikatazama baiskeli. Mama amepakia ndoo nyuma, hatoi mkono, anageuza shingo kidogo tu, na dereva wa daladala ameshajua anakata kulia. Jiulize leza ingeona nini.

Tofali langu naazimisha, njoo dukani. Ila nitakuuliza kwanza lile gari la Mojave lilikwamia kilomita ya ngapi.