Kilindi cha bahari ndani ya tangi la kioo

SWALI: Ndugu Mhariri, nachora na kutengeneza filamu fupi. Nataka onyesho moja la yavuyavu, yule kiumbe mlaini wa baharini mwenye mikia, aking'aa kwenye kilindi cha bahari. Nilipiga picha ziwani, zikatoka kijani na ukungu mtupu. Nifanyeje na Uganda haina bahari? – Msomaji, Jinja

JIBU: Ziwa liache. Ukijani ule ni mwani, na kichocho nacho kipo. Wala si lazima ufike kilindini: Else Bostelmann alichora viumbe wa huko kwa maelezo ya mtafiti William Beebe, aliyeshuka mita 923 karibu na Bermuda mwaka 1934.

Tafuta tangi la kufugia samaki, sentimita 60 kwa 30 kwa 30. Tia maji lita 45, uyaache yatulie usiku kucha. Maji yaliyotoka bombani sasa hivi hung'ang'aniza vipovu kwenye kioo. Nyuma tundika mahameli nyeusi.

Yavuyavu mtengeneze kwa kaveera (mfuko wa plastiki) nyembamba isiyo na rangi. Kata kipande, vuta katikati kiwe kichwa, ujaze toniki, ile soda chungu yenye kwinini, kisha ufunge kwa uzi na kuchanachana sehemu ya chini iwe mikia. Mmulike kutoka juu kwa tochi ya zambarau ya kukagulia noti (usiitazame machoni): kwinini itawaka buluu. Toniki iache wazi mpaka gesi iishe kabisa, la sivyo kichwa kitavimba na yavuyavu ataibuka juu. Akiendelea kuelea, mfungie kipande cha waya. Na usishawishike kutia chumvi kwenye toniki eti ndiyo bahari. Chumvi huufifisha mng'ao wa kwinini.

Kilindini huanguka chembechembe mfululizo, mabaki ya viumbe wa juu. Loweka bahasha ya kaki, ifikiche, chuja, utie nusu kijiko cha chai. Karatasi ya chooni nyeupe haifai: ina dawa ya kung'arisha, nayo itawaka buluu kumshinda yavuyavu wako. Sabuni ya unga vilevile, kwa hiyo tangi lisuuze kwa maji matupu.

Kamera ielekee kioo moja kwa moja. Ukiiinamisha, maji hupinda picha. Zima fokasi ya kujiendesha, maana itakimbizana na chembe. Mizani ya rangi ya kamera (white balance) nayo ipange kwa mkono, kelvini 5600, kwa sababu kamera ikiachiwa huona buluu ni kosa na kuipausha. Rekodi fremu 100 kwa sekunde, uonyeshe kwa 25: kitu cha ukubwa wa ngumi kitaogelea kwa uzito wa kitu kikubwa. Giza likizidi na picha ikajaa chenga, shuka hadi 50.

Miale ya jua inayopenya kutoka juu, pambo linalopendwa mno, iondoe. Chini ya mita 1,000 jua halifiki. Nyekundu nayo ndiyo humezwa na maji mapema zaidi, hivyo usiionyeshe ila kama hadithi yako ina chombo chenye taa.