Bibi Aliyewaona Beatles Bila Kuwasikia

SWALI: Mheshimiwa Mhariri, ninaishi New Jersey, Marekani, ambako kazi yangu ni kumhudumia bibi mmoja mzee nyumbani kwake. Kila tunapokaa kunywa chai hunisimulia jinsi alivyokwenda kuwaona Beatles, ile bendi mashuhuri ya vijana wanne wa Uingereza, katika uwanja wa Shea, jijini New York, mwaka 1965, akiwa msichana wa miaka 15, na uso wake hunawiri kana kwamba ilikuwa jana. Nilipomwuliza waliimba nyimbo gani, alicheka akasema hakusikia hata mmoja. Je, yawezekana mtu akaufurahia hivyo muziki ambao hakuusikia, au ni uzee unaomchanganya? (Dada mlezi, New Jersey)

JIBU: Dada, bibi yako hajachanganyikiwa hata kidogo. Kwa kweli, angekutajia nyimbo zote 12 kwa mpangilio, mimi ndipo ningeanza kumtilia shaka.

Jioni ile ya tarehe 15 Agosti 1965 watu wapatao 55,600 walijaa Shea, uwanja wa besiboli uliokuwa Queens, na wengi wao walikuwa wasichana wa rika lake ambao walianza kupiga mayowe kabla bendi haijatokeza na hawakunyamaza hadi ilipoondoka. Kampuni ya Vox ilikuwa imeitengenezea bendi amplifaya za wati 100 kwa ajili ya ziara hiyo, nazo zilihesabiwa kuwa kubwa mno kwa wakati ule. Sauti za waimbaji zilipitishwa katika vipaza sauti vya uwanja wenyewe, vile vile vilivyozoea kutangaza majina ya wachezaji wa besiboli. Hebu fikiria siku ya Simba na Yanga, bao limeingia, halafu mtu asimame katikati ya uwanja aimbe kwa kutumia kipaza sauti cha mtangazaji.

Wanamuziki wenyewe hawakuwa na nafuu, kwa sababu jukwaani hapakuwa na spika za kuwarudishia sauti zao. Ringo Starr, mpiga dramu, amewahi kueleza kwamba katika maonyesho ya aina hiyo alikuwa akitazama jinsi wenzake wanavyotikisa miili yao ili ajue wimbo umefika wapi. John Lennon naye, katika wimbo wa mwisho, alikipiga kinanda kwa kiwiko huku George Harrison akivunjika mbavu kwa kicheko. Mwaka uliofuata, baada ya onyesho la San Francisco la tarehe 29 Agosti 1966, waliacha kabisa ziara, na kutosikika huku kulikuwa miongoni mwa mambo yaliyowachosha.

Kwa hiyo usimwulize nyimbo. Nyimbo alikwisha kuzijua kwa redio na santuri, na sidhani kama alikwenda Shea kuzisikia upya. Jukwaa lilikuwa katikati ya uwanja, mashabiki wamezuiliwa pembeni, na kwa aliyeketi juu wale vijana wanne hawakuzidi ukubwa wa kidole. Alichobaki nacho ni kwamba alikuwapo, akipiga kelele pamoja na maelfu waliowapenda aliowapenda yeye, kwa muda wa nusu saa hivi. Mwulize alikwenda na nani, aliketi upande gani, nani alimnunulia tikiti, na wazazi wake walisemaje aliporudi nyumbani sauti imemkauka. Hayo ndiyo atakayokujibu hadi chai ipoe.

Uwanja wenyewe ulibomolewa mwaka 2009, lakini filamu ya onyesho hilo ipo. Ujue tu kwamba sauti yake ilifanyiwa marekebisho London mnamo Januari 1966, ambapo wanamuziki walirudia baadhi ya sehemu studioni, hivyo wewe utausikia muziki ambao bibi, aliyekuwapo, hakuupata. Mwoneshe, na ikiwezekana punguza sauti, ili mayowe ayatie mwenyewe.