Moshi wa mlimani

SWALI: Mhariri, jirani yangu hushikilia kwamba falsafa yote ya Kihindu hufundisha kuwa dunia ni ndoto. Ni kweli?

JIBU: Yote? Hata kidogo. Wanyaya, shule ya Kihindu ya mantiki iliyofuata mafundisho ya Gautama (si yule Buddha), walishikilia kuwa chungu kipo hata usipokitazama. Vatsyayana, mfafanuzi wa mafundisho hayo, alikwenda mbali zaidi: hata ndoto huazima vitu ulivyokwisha kuviona ukiwa macho.

Mfano wao maarufu wa hoja hupita hatua tano: mlima una moto; kwa sababu una moshi; penye moshi pana moto, kama jikoni; mlima huu una moshi wa namna hiyo; basi una moto. Hatua ya tatu ndiyo inayonifurahisha, maana nimekulia jiko la kuni, na hilo "kama jikoni" nalijua kwa machozi. Kanuni tupu hawakuitaka, walidai na mfano unaoonekana.

Ila usiigeuze kanuni hiyo. Chuma chekundu cha mhunzi kina moto na hakina moshi, kwa hiyo moto si dalili ya moshi. Mwulize jirani yako kama chuma hicho nacho ni ndoto, kisha umwombe akishike.