Msimsahihishe mwandishi wa kibao

Wadogo zangu mnaoanza kusoma historia ya hisabati, wiki hii nimepitia rasimu tano za sura ya kwanza. Nne kati yake zina sentensi ileile, karibu neno kwa neno: "Wamisri wa kale walijua kwamba pai ni 3.16." Mwaka jana niliisoma, mwaka juzi niliisoma, na nilipokuwa mahali mlipo leo niliiandika kwa mkono wangu. Nawapenda, na uvumilivu wangu unaelekea kuisha. Basi nisikilizeni kabla hamjaleta rasimu ya pili.

1. Tuanze na hiyo pai. Fungueni Papirasi ya Rhind, ule mkusanyo wa maswali ya hesabu wa Wamisri wa kale, swali la 50. Ahmes, aliyeinakili karibu mwaka 1550 KK, ana shamba la duara lenye kipenyo cha khet 9 (khet ni kipimo chao cha urefu). Anatoa sehemu moja ya tisa ya kipenyo, ambayo ni 1. Zinabaki 8. Anazidisha 8 kwa 8, anapata 64, na hilo ndilo eneo. Amemaliza. Sasa rudieni kusoma mkiitafuta pai. Haimo. Hakuna namba iliyokaa peke yake ikisubiri kuzidishwa, na hata nusu kipenyo hakimo. Kilichomo ni vitendo viwili: punguza, kisha zidisha kilichobaki kwa chenyewe. Ile 256/81 mnayoigeuza kuwa 3.16 tumeipata sisi, baada ya kuulazimisha utaratibu wa Ahmes uingie kwenye fomula yetu ya darasani. Kulinganisha kunaruhusiwa. Semeni kwamba eneo lake linazidi la kwetu kwa chini ya asilimia 1, jambo ambalo ni kweli na linapendeza. Ila msimwekee Ahmes maneno mdomoni.

Na jambo lenyewe la kustaajabisha mnalipita mbio. Mtu anaitazama duara na kuona mraba wenye upande mfupi kidogo kuliko kipenyo! Kaeni hapo. Ulizeni amefikaje kwenye moja ya tisa. Hiyo ni sura nzima ya tasnifu, nanyi mnaifunga kwa sentensi moja.

2. Tofautisheni umri wa matini na umri wa nakala. Euclid, Mgiriki wa jiometri, ni wa karibu mwaka 300 KK. Nakala kongwe ya kazi yake yenye tarehe, iliyoko Oxford, ni ya mwaka 888 BK.

3. Unukuzi. Hapa nitakaa sana, mnivumilie.

Tasnifu yangu ilihusu Plimpton 322. Mnaijua: kibao cha udongo cha Wababeli chenye upana wa karibu sentimita 13 na kimo cha karibu 9, cha miaka ya 1800 KK hivi, safu nne, mistari 15, upande wa kushoto umevunjika, sasa kiko Chuo Kikuu cha Columbia, New York. Safu ya pili ina upande mfupi wa pembetatu mraba, ya tatu ina ulalo wake. Wataalamu Neugebauer na Sachs walikichapisha mwaka 1945, na tangu hapo kila kizazi cha wanafunzi kimekipenda.

Mimi sikuanza na kibao. Nilianza na jedwali lililokwisha kuchapwa, nikaliingiza kwenye kompyuta, nikageuza besi 60 ya Wababeli, yaani kuhesabu kwa makundi ya sitini, kuwa besi 10 yetu, nikaongeza safu ya upande mrefu, ambayo kwenye udongo haipo kabisa, na kila nilipokuta namba isiyokubaliana na hesabu nikairekebisha. Zilikuwa chache. Chini ya jedwali niliandika: "Makosa madogo ya mwandishi yamesahihishwa." Niliona ni usafi tu, kama mtu anayepangusa vumbi kwenye kioo.

Juu ya jedwali hilo nikajenga hoja ya kurasa 40. Nilidai kwamba mwandishi alikuwa akichagua namba mbili, p na q, kisha anapata pande zake kwa p² − q², 2pq na p² + q². Mistari yote ilikubali isipokuwa wa 11, nao niliutafutia udhuru. Hoja ilinivutia sana kwa jinsi ilivyonyooka. Sikujiuliza ingewezaje kukataa. Fomula ile huzaa kila tatu ya Pythagoras, yaani namba tatu kamili za pande za pembetatu mraba, isiyo na kigawanyo cha pamoja, awe mwandishi aliijua au hakuijua.

Siku ya utetezi, mtahini mmoja, mama mwenye sauti ya chini, hakuuliza lolote juu ya zile kurasa 40. Alinisogezea picha ya kibao akasema, "Nisomee mstari wa 13, safu ya pili."

Nikahesabu kabari, zile alama zilizobonyezwa kwenye udongo: wima ni moja, kona ni kumi. Wima saba. Kisha kona moja na wima mbili. Kisha wima moja. Yaani 7, 12, 1. Kwa besi 10, yaani 7 mara 3,600, na 12 mara 60, na 1, ni 25,921. Jedwali langu, kwenye mstari huohuo, lilisema 161.

"Na 25,921 ni nini?"

Ni 161 mara 161. Nililitamka jibu na papo hapo nikahisi sakafu inaondoka chini ya miguu yangu. Anayetumia p na q kwa mstari ule anachukua 15 na 8. Anatoa 64 kwenye 225, anapata 161, amefika. Hana sababu yoyote ya kukutana na 25,921 njiani. Aliyeandika 7, 12, 1 alikuwa ameushika mraba wa ule upande mkononi na akasahau kutafuta kipeuo chake.

Mama yule hakuishia hapo. Alinionyesha safu ya kwanza ya mstari uleule. Ukiacha 1 ya mwanzo, inasomeka 27, 0, 3, 45. "Zidisha kwa 16," akasema, akanipa kalamu. Nikazidisha mbele ya wote, kwa besi 60, mkono ukitetemeka. 45 mara 16 ni 720, yaani 12 kamili za kupandisha. 3 mara 16 ni 48, ongeza 12, ni 60, pandisha 1. 0 inabaki na ile 1. 27 mara 16 ni 432, yaani 7 na 12. Ikatoka 7, 12, 1. Namba niliyoifuta ilikuwa imetoka kwenye safu ya jirani, kwa kuondoa vigawanyo hatua kwa hatua, kama walivyokuwa wakifanya katika shule za waandishi.

Njia yenyewe huanza na namba na kinyume chake, yaani mbili ambazo zikizidishwa hutoa 1. Kwa mstari ule ni 1;52,30 na 0;32 (nukta mkato inatenga namba kamili na sehemu za sitini). Nusu ya tofauti yao ni 0;40,15, na mraba wake ni 0;27,0,3,45. Hiyo ndiyo njia aliyoitetea mwanahistoria wa hisabati Eleanor Robson mwaka 2001, akikisoma kibao kama orodha ya mwalimu ya kutungia maswali. Nilikuwa nimesoma makala yake. Niliitaja hata kwenye marejeo. Ila niliisoma nikiwa na jedwali langu safi pembeni, na kwenye jedwali lile hapakuwa na kosa la kuniambia chochote.

Nilirudishiwa sura, nikaiandika upya kwa miezi minane. Miezi hupita. Kinachoniuma mpaka leo ni kwamba udongo ule ulitunza kwa karibu miaka 3,800 mahali mkono wa mtu ulipoteleza akiwa kazini, nami nikapafuta kwa kitufe kimoja.

Kwa hiyo, jamani, nikiona kwenye rasimu zenu maneno "yamesahihishwa" nashtuka. Wekeni safu mbili: moja ya kilichoandikwa, nyingine ya kinachotarajiwa. Na kila kosa lipewe aya yake. Mstari wa 9 una 9, 1 mahali pa 8, 1: kabari moja imezidi, mkono umepitiliza. Mstari wa 8 una 59 mahali pa 45, 14; jumlisheni muone. Mstari wa 15 una 56 na 53, namba moja imegawanywa kwa 2 na mwenzake hajaguswa. Makosa matatu, na kila moja linasimulia habari yake juu ya mtu aliyekaa na tete mkononi.

Na ile nukta mkato katika 1;52,30 ni ya wahariri wa karne ya 20. Kwenye udongo, 1 inaweza kuwa moja, au sitini, au moja ya sitini, na msomaji wa wakati ule alijua kutokana na swali lenyewe. Msijenge hoja juu ya alama ambayo mwandishi hakuiweka.

4. Al-Khwarizmi. Hapa tunaosoma kwa Kiswahili tuna bahati ambayo hatuitumii. Akiwa Baghdad, karibu mwaka 820, aliandika swali ambalo ninyi nyote mmelinukuu kama x² + 10x = 39. Yeye hakuandika hivyo. Aliandika kwa maneno: mali na mizizi kumi ni sawa na dirhamu 39. Mali! Neno lake na neno letu ni moja, na bado mnalikimbia mkajifiche nyuma ya x. Lisomeni jinsi lilivyo. Chukua nusu ya mizizi, 5. Izidishe kwa yenyewe, 25. Ongeza 39, ni 64. Kipeuo chake 8. Toa 5, inabaki 3. Huo ndio mzizi, na mali ni 9.

Kisha tazameni mchoro wake. Anachora mraba wa mali, anabandika kila upande mstatili wenye upana wa 2½, halafu anaziba pembe nne, kila moja 6¼. Pembe zote ni 25. Hapo mtaelewa kwa nini milinganyo yake iko ya aina sita, jambo ambalo watatu wenu mmeliita "udhaifu". Kwake idadi hazikuwa hasi, na upande wa mraba hauwezi kuwa pungufu ya sifuri. Ukiandika fomula yetu moja juu ya aina zake sita, unafuta sababu ya kuwapo kwake kitabu kile.

5. Majina. Pembetatu mnayoiita ya Pascal imo kwa Yang Hui wa China mwaka 1261, naye anasema ameitoa kwa Jia Xian aliyemtangulia kwa takriban karne mbili. Iiteni mnavyotaka, lakini mwandishi wa zamani asiitwe "mtangulizi wa" mtu ambaye hakuwahi kumsikia. Liu Hui, naye wa China, alipoandika ufafanuzi wake wa kitabu cha kale cha hesabu mwaka 263 BK hakuwa akimwandalia njia mwanahisabati wa Göttingen, Ujerumani. Alikuwa akijibu maswali ya vitabu alivyorithi.

Upande wa pili wa kosa hilo upo pia, na mwaka huu umeongezeka. Madhava wa Kerala, India, aliyeishi karibu 1340 hadi 1425, anatajwa na wanafunzi wake kuwa chanzo cha mfululizo wa pai ambao Ulaya iliufikia katika miaka ya 1670. Hilo linatosha kumpa heshima yake. Mkiandika kwamba Wazungu "waliuchukua" kutoka kwake, nitawauliza: barua ipi, tafsiri ipi, nakala ipi, imepita mkono wa nani? Kufanana peke yake hakuthibitishi safari.

6. Swali la "nani aligundua sifuri" likatazwe katika rasimu. Ligaweni: alama ya kushika nafasi tupu ni jambo moja, namba inayojumlishwa na kuzidishwa ni jingine. Wababeli wa karne za mwisho KK walikuwa na la kwanza. Wamaya wa Amerika ya Kati walikuwa na alama yao ya ganda. Brahmagupta wa India, mwaka 628, ana kanuni za kuihesabu, na anasema sifuri ikigawanywa kwa sifuri ni sifuri. Msimsahihishe naye! Ulizeni kwa nini jibu hilo lilimtosha.

7. Mfupa wa Ishango. Najua mnaupenda, nami naupenda. Uliokotwa na Jean de Heinzelin mwaka 1950, karibu na mahali Mto Semliki unapotoka Ziwa Edward, Kongo, na safu yake moja ina mikato ya 11, 13, 17 na 19. Mnaandika "namba tasa" kabla ya kumaliza sentensi. Namba tasa ni wazo linalohitaji kugawanya, na mikato haigawanyi. Someni safu zote tatu, hesabuni jumla, 60, 60 na 48, kisha niambieni mmeona nini bila kutumia neno mlilofundishwa shule. Mfupa wa takriban miaka 20,000 wenye mafungu yaliyopangwa hivyo hauhitaji kupambwa.

Rasimu za pili nazitaka zikiwa na picha ya chanzo pembeni ya kila jedwali. Na nimewaachia kazi moja ya Plimpton: mstari wa 2, safu ya tatu. Panapotarajiwa 1, 20, 25, mwandishi ameandika 3, 12, 1. Yaani 11,521 mahali pa 4,825. Wataalamu wametoa maelezo zaidi ya moja, na hawajakubaliana. Mimi nimekaa na namba hiyo kwa miaka, nimeizidisha na kuigawanya kila upande. Yeyote atakayekuja na hesabu inayoanza kwenye safu ya kwanza na kuishia kwenye kosa lilelile, kabari kwa kabari, aje hata kama ni usiku. Nitamfungulia.